Kinywa cha Nani? Balagha ya Kale katika Vitabu vya Historia na Safari ya Hotuba ya Antonius hadi Kiswahili

Mwaka 1963 Oxford University Press, Nairobi, ilitoa tafsiri ya Kiswahili ya tamthilia ya Shakespeare juu ya kuuawa kwa Caesar. Kitabu kiliitwa Julius Caezar, na mfasiri wake, Julius K. Nyerere, alikuwa wakati huo Rais wa Tanganyika. Mwaka 1969 ikatoka tafsiri iliyorekebishwa, na hata jina likabadilika likawa Juliasi Kaizari. Aghalabu jambo hili hutajwa kwa ajili ya siasa yake: kwamba kiongozi wa nchi changa alichagua, miongoni mwa tamthilia zote, ile inayohusu mtawala anayeuawa na marafiki zake. Siasa hiyo inawekwa kando hapa. Linalochunguzwa ni hotuba moja ya tendo la tatu, ile anayoitoa Antonius mbele ya maiti, na swali linaloonekana jepesi: ufasaha uliomo ndani yake ni wa nani?

Mwanafunzi atajibu kuwa ni wa Antonius, kwa kuwa ndiye anayesema. Mwalimu wake atamrekebisha amwambie kuwa ni wa Shakespeare. Mhakiki wa tafsiri ataongeza kuwa, kwa msomaji wa Kiswahili, ni wa Nyerere. Majibu yote matatu yana ukweli ndani yake, lakini yanaacha pengo la zaidi ya miaka elfu moja na mia sita baina ya Antonius na Shakespeare, na pengo hilo limejaa vitabu vya historia na tafsiri za vitabu hivyo. Asiyelitazama pengo hilo huichukua hotuba ya Kiingereza kama asili, kisha hulipima kila neno la Kiswahili kwa kuuliza kama limelingana na neno la Kiingereza. Kipimo hicho kina kasoro tangu mwanzo, kwa sababu Kiingereza chenyewe hakikuwa asili.

Caesar aliuawa tarehe 15 Machi, mwaka 44 K.K., na siku chache baadaye akafanyiwa mazishi. Antonius, aliyekuwa konsuli, alisema kitu mbele ya watu. Kitu gani? Shahidi wa karibu kuliko wote ni Cicero, aliyeishi katika siku hizo hizo na aliyemchukia Antonius kwa moyo wote. Katika hotuba yake ya pili ya zile ziitwazo za Kifilipi, Cicero anamshutumu Antonius kwamba aliisoma taabini iliyojaa sifa, huruma na uchochezi, na kwamba moto ulioteketeza nyumba za watu ulitoka katika maneno hayo. Ushahidi huo wataka hadhari, kwa kuwa umetoka kwa adui. Lakini una ajabu nyingine pia: hotuba hiyo ya Cicero haikupata kutolewa popote. Iliandikwa ikasambazwa kama kijitabu, huku imejengwa kana kwamba mwandishi amesimama katika Seneti na Antonius yupo mbele yake anabadilika uso. Yaani shahidi wa kwanza wa hotuba ambayo maneno yake hayakubaki ni hotuba ambayo haikusemwa.

Suetonius, aliyeandika mwanzoni mwa karne ya 2 B.K., anasimulia habari nyingine kabisa. Kwake yeye hapakuwa na taabini. Antonius alimwamuru mpiga mbiu asome azimio la Seneti lililompa Caesar heshima zote za kibinadamu na za kimungu, pamoja na kiapo ambacho maseneta wote walikula kwamba watamlinda. Kisha Antonius akaongeza maneno machache sana ya kwake. Plutarch, aliyeandika karibu na wakati huo huo lakini kwa Kigiriki, hatoi maneno ya hotuba. Anaeleza tu kwamba Antonius alipoona watu wanavutwa na maneno yake, alichanganya sifa na masikitiko, akaitikisa nguo ya marehemu iliyolowa damu na kutobolewa kwa mapanga, na akawaita waliotenda hayo wauaji. Appian wa Alexandria, katika karne ya 2, ndiye anayejenga tamasha zima: Antonius anasoma maazimio moja baada ya jingine, na kila akimaliza moja anaigeukia maiti na kutia neno lake, anainua vazi la marehemu kwa ncha ya mkuki, na mwisho inainuliwa sanamu ya nta ya Caesar yenye majeraha 23, inayozungushwa kwa mtambo ili kila aliyepo ayaone. Cassius Dio, katika karne ya 3, anampa Antonius hotuba ndefu iliyopangwa vizuri, inayoanza na nasaba na kupitia matendo na fadhila za marehemu kwa utaratibu wa darasani.

Kwa hiyo konsuli mmoja, katika siku moja na mbele ya maiti moja, aliongeza maneno machache sana, na pia alitoa hotuba inayojaza kurasa nyingi. Msomaji wa leo, aliyezoea magazeti na vyombo vya kunasia sauti, huharakisha kusema kwamba mmoja kati ya hawa ni mwongo. Hukumu hiyo haiwatendei haki. Wanahistoria wa kale walikuwa na mapatano na wasomaji wao kuhusu hotuba, na mapatano hayo yalitajwa waziwazi. Thucydides, aliyeandika juu ya vita vya Athens na Sparta katika karne ya 5 K.K., alikiri kwamba ilikuwa vigumu kwake na kwa waliompa habari kukumbuka maneno yenyewe ya hotuba. Basi akawasemesha wahusika yale aliyoona yanaipasa hali ilivyokuwa, huku akijitahidi kukaa karibu na maana ya jumla ya yaliyosemwa kweli. Sentensi hiyo ya Thucydides imewagombanisha wataalamu kwa muda mrefu, kwa kuwa nusu yake moja inavuta kwenye ubunifu na nusu ya pili inavuta kwenye ushahidi. Polybius, baadaye, aliikaza kamba: alimshambulia Timaeus kwa kutunga hotuba kama mwanafunzi anayefanya zoezi, akashikilia kuwa kazi ya mwanahistoria ni kupata kwanza yaliyosemwa. Lakini desturi ilimshinda Polybius. Kufika siku za Lucian, katika karne ya 2 B.K., shauri linalotolewa kwa mwandishi wa historia ni kwamba maneno yamfae mhusika na yafae tukio, na kwamba hapo mwandishi ana ruhusa ya kuonyesha ufasaha wake mwenyewe. Na Quintilian, mwalimu mkuu wa balagha mjini Roma, alipomsifu Livy, alizisifu hotuba zilizomo katika historia yake kwa namna zinavyoafiki watu na mambo. Hakuuliza kama zilisemwa.

Msomaji wa Kiswahili hana haki ya kushangaa, maana mapatano ya namna hii anayo nyumbani. Hemedi bin Abdallah el Buhriy alitunga utenzi juu ya vita vya Wadachi walipoingia Mrima mwishoni mwa karne ya 19, utenzi ambao J. W. T. Allen aliutafsiri kwa Kiingereza na ambao wanahistoria wameutumia kama ushahidi. Katika utenzi, kila anayesema husema kwa mizani nane na kwa kina cha mwisho cha ubeti, awe mwenyeji wa pwani au Mdachi. Hapana msikilizaji wa pwani aliyewahi kudhani kwamba maofisa wa Kijerumani walipiga hesabu ya mizani kabla ya kutoa amri. Analopokea ni hali ya jambo, msimamo wa msemaji na uzito wa maneno yake. Umbo anajua ni la mtunzi. Hatari huja pale utenzi unapofasiriwa kwa nathari ya lugha nyingine. Umbo likishavuliwa, yale yaliyokuwa ya mtunzi huonekana kama maneno halisi ya mhusika, na msomaji wa tafsiri huyanukuu kama hati.

Je, kuna mahali ambapo hotuba ya kitabu cha historia inaweza kuwekwa bega kwa bega na hotuba iliyosemwa? Mahali papo, na ni mfano unaostahili kukaliwa kitako. Mwaka 48 B.K. mfalme mkuu Claudius alisimama katika Seneti kutetea wakubwa wa Gaul waruhusiwe kushika vyeo vya Roma na kuingia katika Seneti. Claudius mwenyewe alizaliwa Lyon, na watu wa huko waliona fahari kubwa juu ya hotuba hiyo, wakaichonga katika bamba la shaba nyeusi. Bamba hilo lilifukuliwa Lyon mwaka 1528, likiwa limepoteza sehemu yake ya juu, na hadi leo limehifadhiwa katika jumba la makumbusho la mji huo. Tacitus naye, kiasi cha miaka sabini baada ya tukio, aliiweka hotuba hiyo katika kitabu cha kumi na moja cha historia yake ya mwaka kwa mwaka.

Claudius wa shaba ni mzee msomi asiyeweza kujizuia. Anaanza na wafalme wa kale wa Roma, anawataja kuwa wengine walikuwa wageni, anafika kwa Servius Tullius, kisha anatoka njiani kueleza kwamba kwa Waetruski mtu huyo alikuwa na jina jingine, Mastarna. Claudius alikuwa ameandika historia ya Waetruski, na hakuweza kuiacha elimu yake mlangoni. Mahali pengine anajiita kwa jina lake na kujihimiza afike kwenye jambo lenyewe. Wengine wameona huko ni kujisemesha, wengine wameona ni seneta aliyemkatiza na mwandishi akaingiza maneno yake. Kwa vyovyote vile, hata aliyeyasikia aliona kwamba safari imekuwa ndefu.

Claudius wa Tacitus hapotei hata hatua moja. Mastarna hayumo. Mifano imepunguzwa na kupangwa upya. Imeongezwa mifano ya Sparta na Athens, isiyoonekana katika sehemu za bamba zilizobaki, ili kuonyesha kwamba dola zilizowafungia nje walioshindwa zilikufa kwa ufinyu huo. Hoja kuu ni ile ile: Roma ilikua kwa kuwapokea wageni, na hakuna la kale ambalo halikuwa jipya siku moja. Lakini wazo hilo la upya, ambalo Claudius wa shaba analitumia mapema ili kuwatuliza wasikilizaji, Tacitus amelipeleka mwisho na kulifanya pigo la kufungia. Kwa maneno mengine, Tacitus amemfanya Claudius awe msemaji hodari kuliko alivyokuwa. Amehifadhi hoja na kubadili kila kitu kingine: utaratibu, urefu, mifano, mwendo wa sentensi. Mtu angetaka kumwita mwongo angelazimika kueleza kwa nini hoja haikuguswa. Na mtu angetaka kumwita mwaminifu angelazimika kueleza ilikokwenda sauti ya yule mzee. Hasara hiyo si ndogo. Ubabaifu wa Claudius ulikuwa sehemu ya ukweli wa siku ile, na kama bamba lisingefukuliwa Lyon, historia ingemjua kwa kinywa cha Tacitus peke yake.

Kazi aliyoifanya Tacitus kwa Claudius ndani ya Kilatini kile kile ni kazi ya mfasiri. Hapa ndipo wahakiki wa tafsiri wanapopaswa kutua. Inadhaniwa kwamba mfasiri huja mwisho, baada ya historia kuandikwa na fasihi kutungwa, akiwa karani wa kunakili. Katika balagha ya kale mfasiri yumo tangu mwanzo. Kila aliyeipokea hotuba aliitoa upya kwa kanuni za shule yake.

Shule hiyo haikuwa ngeni kabisa kwa pwani ya Afrika Mashariki, ingawa ilifika kwa njia ya kuzunguka. Maneno yenyewe ya Kiswahili yanaitaja: hotuba, ufasaha, balagha, yote yametoka Kiarabu. Katika karne za Abbasi kitabu cha Aristotle juu ya balagha kilitafsiriwa kwa Kiarabu na kusomwa pamoja na vitabu vyake vya mantiki. Ibn Rushd alikitolea maelezo. Lakini wafasiri hao, waliochota falsafa na tiba kwa bidii kubwa, hawakuzishughulikia historia za Thucydides wala hotuba za Demosthenes. Wakapata kanuni bila ya hotuba. Elimu ya balagha ambayo wanazuoni wa pwani waliisoma katika vitabu vya Kiarabu ilikuwa nyingine, iliyokua juu ya Kurani na mashairi ya Waarabu, na ilikuwa na utajiri wake. Nyerere mwaka 1963 aliwaletea Waswahili upande wa pili: hotuba bila ya kanuni. Haishangazi kwamba hotuba hiyo imesifiwa kwa utamu wake na ikachambuliwa kidogo kwa jinsi inavyofanya kazi.

Njia iliyopitia ni hii. Mwaka 1559 Jacques Amyot alitoa kwa Kifaransa tafsiri ya Maisha ya watu mashuhuri ya Plutarch. Mwaka 1579 Thomas North alikitafsiri kitabu cha Amyot kwa Kiingereza. Hakufasiri kutoka Kigiriki. Shakespeare alimsoma North, na mwaka 1599 tamthilia ikachezwa London. Katika chanzo hicho Shakespeare hakukuta hotuba ya Antonius, wala hotuba ya Brutus, kwa kuwa Plutarch hakuziandika. Alichokuta ni maelezo ya mitindo miwili. Plutarch anasema kwamba Brutus, katika barua zake za Kigiriki, aliufuata ufupi wa watu wa Sparta. Na kwamba Antonius aliupenda mtindo ulioitwa wa Asia, uliofana na maisha yake ya majivuno na mbwembwe. Ugomvi wa mitindo hii ulikuwa wa kweli katika Roma ya siku zile. Cicero, aliyeandika kitabu cha historia ya wasemaji wa Kirumi na kukiita Brutus, alibishana na Brutus huyo huyo kwa barua: mmoja akaona mwenzake amelegea, wa pili akaona mwenzake amekauka. Shakespeare akauchukua ugomvi wa madarasa akaupa miili miwili, akaisimamisha juu ya jukwaa moja mfululizo, jambo ambalo historia haikulifanya, maana Brutus hakuitangulia taabini hiyo kwa hotuba yake. Brutus akampa nathari iliyokatwa vipande vinavyolingana kama matofali. Antonius akampa mistari ya ushairi usio na vina.

Tofauti hiyo si pambo. Ndiyo hoja ya onyesho zima. Watu wanamkubali Brutus kwa akili zao, kisha wanachukuliwa na Antonius kwa kitu kingine ambacho hawakioni kinavyowashika. Mfasiri wa Kiswahili akiikosa tofauti hiyo, hata kila neno likiwa sahihi, onyesho limekufa.

Nyerere alifasiri kwa mistari isiyo na vina, miaka 11 kabla ya Kichomi cha Kezilahabi (1974) kuuwasha mgogoro mkali wa ushairi wa Kiswahili. Ujasiri wake haukanushiki. Katika utangulizi wake alieleza, kwa ufupi wa kauli yake, kwamba utamu na upana wa Kiswahili hauwezi kuongezeka pasipo lugha yenyewe kutumiwa kwa kazi mpya, na tafsiri hii ilikuwa kazi mpya kweli. Lakini ujasiri si sawa na kufaulu kila mahali. Mstari wa Kiingereza wa Shakespeare, japo hauna vina, una pigo la sauti ambalo sikio la Mwingereza hulitambua hata akiwa amefumba macho. Kiswahili hukazia silabi ya pili kutoka mwisho wa neno, na maneno yake huwa marefu. Pigo la namna ile halijitokezi. Kwa sikio la Kiswahili kinachotenga ushairi na nathari ni vina na mizani. Vikiondolewa vyote viwili, mstari hubaki kwenye karatasi. Anayesoma anauona, anayesikiliza hausikii. Na mkutano wa Roma ulikuwa wa kusikiliza.

Wapo watakaosema kwamba dawa ni kumpa Antonius utenzi au shairi la mizani kumi na sita. Shauri hilo lina mvuto lakini ni baya. Antonius anawaambia watu kwamba yeye si msemaji kama Brutus. Ni mtu wa kawaida anayesema yaliyomo moyoni. Akisema hayo kwa vina vya kati na vya mwisho, ataonekana malenga aliyekuja na karatasi, na uongo wake utajulikana kabla haujafanya kazi. Balagha yake lazima ijifiche. Basi umbo litafutwe ndani ya sarufi, ambako msikilizaji hapekui.

Hapa Kiswahili kina jambo la kustaajabisha, ambalo halikupewa uzito unaostahili. Kitenzi cha Kiswahili hubeba ndani yake mtenda, wakati na mtendwa. Alitutawala, tukamheshimu, akatubadilikia: maneno matatu, na kisa kizima kimekwisha. Ufupi ambao Brutus wa Kigiriki aliufanyia mazoezi, Mswahili huupata bure. Kwa hiyo Brutus, ambaye kwa Kiingereza ni mgumu na mkavu, kwa Kiswahili ni mwepesi kufasiri. Na Antonius, anayeonekana mwepesi kwa kuwa ni mtamu, ndiye mgumu. Lugha yenyewe humvuta kwenye ufupi, na asipozuiwa hufanana na mpinzani wake. Mfasiri hana budi kumrefusha kwa makusudi: sentensi za -po- na -ki- zinazoning'iniza maana hadi mwisho, virejeshi vinavyofuatana, na hasa -ka- ya masimulizi pale anapoonyesha matundu ya vazi, kitendo kikifuata kitendo hadi msikilizaji aone panga linaingia na kutoka.

Kuna na hila ya kutaja jambo kwa kukataa kulitaja, ambayo Antonius anaitumia juu ya wasia. Kiswahili kina -nge- na -ngali-, na hazina kazi moja. Mtu akisema angalifanya jambo, amefunga mlango, wakati umepita. Akisema angefanya, mlango uko wazi nusu na kila mtu anatazama nje. Antonius ni msemaji wa -nge-. Tafsiri inayomchanganyia viambishi hivi kiholela inamnyang'anya silaha yake kuu, na hakuna kamusi itakayoonyesha kosa hilo.

Lipo pia suala la neno moja la sifa ambalo Antonius analirudia juu ya Brutus na wenzake hadi sifa igeuke kijembe. Kwa kuwa Nyerere mwenyewe aliona haja ya kurekebisha kazi yake baada ya miaka sita, inafaa zaidi kuupima uwanja wa maneno kuliko kugombania chaguo moja. Mheshimiwa ni neno linalojitokeza mbele. Lakini katika Afrika Mashariki neno hilo limekwisha kuchoshwa na bunge na mikutano ya hadhara. Watu hulicheka mara ya kwanza, ilhali hotuba hii inataka mara ya kwanza liaminiwe. Kicheko kikitangulia, hakuna mteremko wa kumshusha Brutus. Mwadilifu ni safi mno, na hutoa hukumu ambayo Antonius hataki kuonekana anaitoa. Muungwana lina jambo ambalo maneno mengine hayana. Katika historia ya pwani muungwana ni mtu huru, kinyume cha mtumwa, na pia ni mtu wa adabu njema. Sasa, hoja yote ya Brutus ilikuwa uhuru: kwamba alimwua rafiki ili Warumi wasiishi watumwa. Kila Antonius anaporudia kwamba Brutus ni muungwana, anaichukua hoja ya Brutus mwenyewe mkononi na kuibana kidogo, mpaka msikilizaji ajiulize uungwana gani huo unaomchoma kisu mwenyeji wake. Kiingereza cha Shakespeare hakina kitendawili hicho. Hapa Kiswahili kinaweza kuwa na balagha kali kuliko chanzo chake, na mfasiri aliyeshika uaminifu wa ukarani hawezi kuliona, kwa sababu anatazama nyuma tu.

Itauliziwa mpaka. Mfasiri akipewa ruhusa ya Tacitus, nani atamzuia asiwe Timaeus, anayefanya mazoezi juu ya maiti za watu? Swali ni la haki, na jibu la bamba la Lyon ndilo lililo bora: Tacitus aligusa kila kitu ila hoja. Mfasiri anayembadilishia Antonius viambishi, urefu wa sentensi na neno la sifa yuko ndani ya mpaka. Anayemfanya Antonius amchukie Brutus waziwazi tangu aya ya kwanza, au anayemwondolea Brutus imani yake, ametoka nje, hata kama Kiswahili chake ni kitamu kama asali.

Mfano mdogo wa fedha unafaa kutajwa, kwa kuwa mara nyingi hupuuzwa. Suetonius anasema Caesar aliwaachia raia wa Roma kila mmoja sestasi 300, fedha ya Kirumi. Plutarch, akiwaandikia Wagiriki, anasema drakma 75. Hesabu ni ile ile, maana drakma moja ilihesabiwa kuwa sestasi nne. Plutarch alibadilisha fedha kwa ajili ya wasomaji wake kama mfanyabiashara mwangalifu. Amyot na North wakaziacha drakma, na Shakespeare akazitia katika kinywa cha Antonius, hata Mrumi akawa anawaahidi Warumi fedha ya Kigiriki katikati ya Roma, na watu wa London hawakuona dosari. Mfasiri wa Kiswahili anayefika hapo anaweza kuibeba drakma kama ilivyo. Lakini neno hilo hilo la Kigiriki lilikwisha kusafiri kwa njia nyingine, likaingia Kiarabu, likavuka bahari na kufika pwani karne nyingi kabla ya Shakespeare kufika. Waswahili huliita dirhamu.